MLIMA WA MOTO NA MAJANI YA NYIKA

Somo: 1 Wafalme 19:8-18. Someni pia Kutoka 32:1-6 na Marko 9:2-29.



Watoto wa shule huuliza maneno ambayo watu wazima wameacha kuyauliza. Huuliza: Je, ziko dunia nyingine mbali katika anga, zenye milima ing'aayo usiku? Mwalimu asiwanyamazishe, kwa maana jibu lipo. Katika Machi 1979 chombo cha Wamarekani kiitwacho Voyager 1 kilipita karibu na sayari ya Mshtarii. Mtaalamu mmoja mwanamke, Linda Morabito, alipokuwa akizichungua picha zake, aliona wingu kubwa likirushwa kutoka ukingo wa Io, mmoja wa miezi ya sayari hiyo. Tangu hapo wataalamu wamehesabu huko mahali pa moto zaidi ya 400. Moto wake huwaka, wala hapana mtu wa kuuogopa, wala ng'ombe wa kuukimbia, wala jani lililoonekana kuota baada yake.

Lakini hatuna haja ya kwenda mbali hata huko. Mungu ameuweka mlima wa moto katika nchi yetu wenyewe. Ukitoka hapa Nyakunguru na kuelekea kusini-mashariki, ukavuka mto Mara na nyika yote ya Serengeti, kwa kadiri ya kilomita 200 utafika Oldoinyo Lengai. Jirani zetu Wamasai ndio waliouita hivyo, na maana yake ni Mlima wa Mungu. Nataka kwanza tuutazame mlima huo ulivyo. Kisha tuulize pamoja na nabii Eliya kama Mungu yumo ndani ya moto. Mwisho tuyatazame mambo ya kwetu, maana sisi nasi tunayo yang'aayo usiku.

1. Mlima wenyewe

Oldoinyo Lengai una kimo cha mita 2,960 hivi, na umbo lake ni la pia, nao wasimama upande wa kusini wa ziwa Natron. Umewaka mara nyingi. Uliwaka mwaka 1917, tena 1940 na 1941, tena 1966. Tangu 1983 ulitoa moto wake polepole kwa miaka mingi ndani ya shimo la kilele. Hata Septemba 2007 ukapasuka kwa nguvu, majivu yakapanda juu sana angani, na wafugaji waliokaa karibu wakahama na mifugo yao.

Moto wake si kama moto wa milima mingine. Milima mingi ya namna hii hutoa mawe yaliyoyeyuka yenye joto la nyuzi 1,100 au zaidi. Huu hutoa kitu chenye joto la nyuzi 500 hadi 600 tu, chepesi, kitiririkacho upesi. Mwaka 1960 mtaalamu wa mawe, Barry Dawson, aliuona moto huo, na mwaka 1962 akatangaza habari zake, wataalamu wa dunia wakastaajabu. Kwa maana kitokacho katika mlima huo, kwa sehemu kubwa, ni magadi. Naam, ni ndugu ya magadi yale yale ambayo mama zetu huyatia katika maharage ili yaive upesi. Hapana mlima mwingine duniani ujulikanao kutoa moto wa namna hiyo siku hizi.

Basi mchana kitu hicho huonekana cheusi kama tope. Usiku hung'aa kwa wekundu hafifu. Tena kikiisha kupoa na kupata unyevu, kwa muda wa saa chache au siku chache hugeuka kuwa cheupe, hata kilele kikaonekana kama kimefunikwa na theluji ya Kilimanjaro, kumbe ni chumvi ya moto. Ndiyo kusema, mlima huo hung'aa mara mbili: usiku kwa moto, na mchana kwa weupe.

2. Moto si Mungu

Wamasai walipouita Mlima wa Mungu, tusiwacheke. Wazee wetu na wazee wao waliibiana ng'ombe na kumwaga damu, na kwa hiyo twapenda kuyadharau mambo yao. Lakini walipouona ule mwanga juu ya kilele, waliinua macho na kufahamu ya kuwa yuko aliye mkuu kuliko wao. Mtu auonaye mlima ukiwaka, naye hafikiri lo lote ila njia ya kuupanda apige picha, huyo hakuwapita Wamasai kwa hekima.

Hata hivyo neno la Mungu latupeleka mbele zaidi. Eliya alikwenda siku arobaini mpaka Horebu, naye mlima ule aliujua kwa habari zake. Ndiko kijiti kilikowaka mbele ya Musa bila kuteketea, na ndiko mlima ulikotoa moshi mbele ya Israeli wote. Tena Eliya alikuwa ametoka juzi tu katika mlima mwingine wa moto, yaani Karmeli, moto ulikoshuka na kuila sadaka yake. Bila shaka alitumaini ya kuwa Mungu atakuja tena vivyo hivyo. Ukapita upepo wenye kupasua miamba, Mungu hakuwamo. Likapita tetemeko, hakuwamo. Ukapita moto, hata katika moto hakuwamo. Baada ya moto ndipo ilipokuja sauti ndogo yenye utulivu, na hapo Eliya akaufunika uso wake.

Ndugu, liangalieni neno hili vema. Moto ulitoka kwa Mungu, lakini moto haukuwa Mungu. Mlima wang'aa kwa sababu aliyeuumba ameweka joto chini ya nchi. Naye hakai katika joto hilo kama nyuki akaavyo mzingani. Kwa hiyo yatupasa kujihadhari na watu wa namna mbili. Wako wauabudio mlima. Tena wako wahubiri ambao, nchi ikitetemeka au mlima ukiwaka, huondoka mbio kuwatangazia watu siku na saa ya mwisho wa dunia, ambayo Bwana mwenyewe alisema hakuna mtu aijuaye. Wa kwanza huufanya moto kuwa Mungu. Wa pili huufanya moto kuwa mdomo wao. Wote wawili hawakuingoja sauti.

Tena sauti ile ilimwambia nini? Haikumwambia akae mlimani atazame maajabu. Ilimwuliza ana shughuli gani mahali pale, kisha ikamrudisha katika njia aliyotoka, kwa kazi iliyomngoja na kwa watu 7,000 ambao hakujua kama wapo. Mtu aliyeisikia sauti ya Mungu hurudi nyumbani akiwa na kazi ya kufanya.

3. Moto ukipoa, nini huota?

Sasa nataka kuwaonyesha jambo ambalo wengi wetu tumeliona kwa macho pasipo kulifahamu. Majivu ya Oldoinyo Lengai yakitoka ni mabaya: huchoma majani na kuwadhuru ng'ombe. Lakini upepo wa mashariki huyachukua na kuyamwaga juu ya nyika. Ndivyo ilivyokuwa kwa maelfu mengi ya miaka, kutoka mlima huu na kutoka milima mingine iliyo karibu nao ambayo moto wake umezimika. Majivu yale yakafanya chini ya udongo tabaka gumu ambalo mizizi ya miti haiwezi kulipenya. Kwa hiyo pale miti ni michache, na majani mafupi ndiyo yatawalayo nchi. Nayo majani hayo yana chokaa na chumvi zifaazo mifupa na maziwa. Kwa sababu hiyo, mvua zinyeshapo, nyumbu zaidi ya milioni moja hukusanyika huko, na kati ya Januari na Machi huzaa ndama zao, nao ndama hunyonya maziwa ya majani yaliyoota juu ya majivu.

Halafu nyika ikikauka huanza safari, nao hufika kaskazini ya Serengeti na kuvuka mto Mara, yapata Julai mpaka Oktoba. Na maji ya mto huo hushuka magharibi kuja kwetu, kisha hwenda zake mpaka ziwa Victoria. Basi wewe mtu wa Nyakunguru, hata kama hukuuona ule mlima maisha yako yote, kazi yake umeiona. Kundi lile lililo kama mchanga kwa wingi limelelewa na moto uliopoa.

Ndiyo njia ya Mungu katika mapigo yake yote. Nao moto wenyewe ni moto kweli. Tusiseme kwamba si kitu. Ndugu zetu wa Goma katika Kongo wajua. Mlima wao Nyiragongo umeangaza anga usiku kwa miaka mingi, na watu wakauzoea. Hata mwaka 1977 ukapasuka ubavu, na tena Januari 2002, mto wa moto ukaingia mjini na kupita katikati ya nyumba, na tena Mei 2021. Watu wengi walikufa, na wengi walikimbia wakiwa na watoto migongoni. Lakini waliobaki walirudi, wakayavunja yale mawe meusi yaliyopoa, wakajengea nyumba na kuta. Watu waliojua kulia wamejua pia kujenga juu ya kile kilichowaliza.

Hapo basi tumepata kipimo, nacho ni chepesi, hata mtoto aweza kukitumia. Usiulize kwanza kitu chang'aa namna gani. Uliza: kikiisha kupoa, nini kitaota? Io yang'aa wala hapaoti kitu. Oldoinyo Lengai wang'aa, na baada yake nyika yalisha makundi. Macho hayawezi kupambanua mwanga wa huku na wa kule. Majani ndiyo yashuhudiayo.

4. Dhahabu chini ya mlima

Sasa nageukia mambo ya kwetu. Sisi nasi tunacho kilima king'aacho. Tangu mgodi mkubwa wa Nyamongo ulipoanza kazi mwaka 2002, usiku wetu umebadilika. Taa zaangaza, mashine zanguruma, na vilima vya kifusi, ambavyo babu zetu hawakuvijua, vimesimama palipokuwa uwanda. Kijana akiketi nje ya nyumba ya mama yake gizani, na taa ya mafuta imekwisha, huitazama ile nuru ng'ambo, naye husema moyoni, Kule ndiko uzima uliko. Ndipo huondoka kimya na mfuko na nyundo, aende kuokota mawe katika kifusi.

Sitaki kunena hapa habari za nani ana haki juu ya mawe yale. Iko serikali, na yako mabaraza, na neno hilo lisemwe huko kwa ukweli. Ninanena kama mchungaji. Wako vijana waliokwenda kwa miguu yao na kurudishwa kwa machela. Wako waliokwenda wasirudi. Nanyi mama mwajua jinsi usiku ulivyo mrefu mbwa akibweka na mlango usibishwe.

Sasa yakumbukeni yaliyotukia Sinai. Kwa macho ya Israeli utukufu wa Mungu ulikuwa kama moto mkali juu ya kilele. Hapana watu duniani waliouona mlima ung'aao kama wao. Nao, chini ya mlima ule ule, walizivua pete za masikio, wakaziyeyusha, wakafanya ndama ya dhahabu na kucheza mbele yake. Moto uliwaka juu, na moto mwingine uliwaka chini. Ule wa juu haukuwazuia kuuwasha wa chini. Msiseme basi, Tungaliona ishara tungaliamini. Wao waliona. Macho yaliyoona moto hayakuizuia mikono.

Tena waliofanya ndama hawakuwa vijana peke yao. Haruni alikuwa mzee, na kuhani, naye ndiye aliyezipokea pete. Kwa hiyo siwezi kuwakemea vijana tu. Yuko mtu mzima akaaye salama nyumbani, anunuaye kwa bei ndogo jiwe ambalo kijana amelitoa kwa hatari ya roho yake, kisha Jumapili huketi benchi la mbele na kuitoa sadaka kubwa. Ndugu, sadaka hiyo itapimwe kwa kipimo kile kile. Ikiisha kupoa, nini huota? Tukiona baada yake mjane hana chakula na kijana hana mguu, basi ni moto wa Io huo, hata ukiletwa madhabahuni.

Nawe kijana, sikuambii ya kuwa dhahabu ni dhambi. Mungu aliiumba kama alivyoumba magadi. Sikuambii ya kuwa njaa yako si kweli, kwa maana naijua. Nakuuliza neno moja tu, lile aliloulizwa Eliya pangoni, una shughuli gani huko usiku? Ukiweza kulijibu mbele za Mungu na mbele ya mama yako, vema. Kama huwezi, rudi kwa njia uliyotoka.

5. Mlima usiong'aa

Bwana wetu Yesu naye alipanda mlima mrefu pamoja na wanafunzi watatu, na huko aling'aa mbele yao, hata mavazi yake yakawa meupe kupita kazi ya fundi ye yote. Petro akataka kujenga vibanda, wakae pale. Hakujua alilolisema. Bwana akawashusha, na chini ya mlima walimkuta nani? Baba mwenye mtoto mgonjwa, ambaye pepo amemtupa mara nyingi motoni na majini. Kutoka katika mwanga ule Bwana alikwenda moja kwa moja kwa mtoto yule, akamshika mkono, akamwinua. Hayo ndiyo majani yaliyoota baada ya mwanga.

Na ulipofika wakati wa kutuokoa, hakuchagua mlima ung'aao. Golgotha haukutoa moto wala moshi. Giza lilikuwa juu ya nchi tangu saa sita mpaka saa tisa. Apitaye angedhani Mungu yu mbali sana na mahali pale. Lakini ndipo alipokuwapo kwa ajili yetu kuliko Sinai, kuliko Horebu, kuliko Karmeli. Mwaka 1518, katika mji wa Heidelberg, Martin Luther aliwafundisha ndugu zake jambo hili: amtafutaye Mungu katika fahari ionekanayo tu hupotea, hata baya akaliita jema, bali amwonaye katika mateso ya msalaba huyaita mambo kwa jina lake. Fundisho hilo lafaa Nyakunguru leo. Nuru ya kilima cha kifusi tuiite taa, tusiiite uzima. Giza la nyumba ya mjane tuliite umaskini, tusiliite laana. Nasi tukijua ya kuwa Mwokozi wetu alikufa gizani, hatutaogopa kukaa gizani pamoja na wenye kulia.

Kwa hiyo ninyi walimu wa dini, nawapa kazi tatu. Ya kwanza, waelezeni watoto habari za milima ya moto kwa ukweli, wala msiogope elimu. Mungu hapungukiwi na kitu tukijua ya kuwa mlima wake hutoa magadi. Ya pili, watembeleeni vijana wetu kabla ya jua kuchwa, si baada ya msiba. Mwenye shamba na ampe mmoja nafasi ya kulima. Fundi wa seremala au wa uashi na amchukue mmoja amfundishe, hata pasipo ada. Kijana asiye na kazi mchana ataitwa na nuru ya usiku. Ya tatu, kila Jumamosi jioni na muketi kimya kidogo kabla ya kutengeneza mahubiri, mpate kuisikia ile sauti ndogo. Sharika zetu zimezoea vipaza sauti. Eliya alisikia alipofunika uso.

Tuombe: Ee Mungu, uliyeumba moto chini ya milima na majani juu ya nyika, tuokoe na kila mwanga usiozaa kitu. Walinde watoto wetu usiku. Wafariji mama waliongoja wasifunguliwe mlango wa furaha. Wageuze wanunuao roho za vijana kwa bei ya mawe. Utupe masikio ya kusikia baada ya moto, na miguu ya kurudi kazini, kwa ajili ya Yesu Kristo aliyetufia gizani na kufufuka alfajiri. Amina.